Dereva wa Raundi Nane

Shemeji yangu Levis ana leseni ya mbio za magari. Sidhani kuna Mkenya hapa Doha ambaye hajaonyeshwa. Ijumaa, ambayo ndiyo siku yetu ya ibada kwa sababu huku Jumapili ni siku ya kazi, huja nayo kanisani ikining'inia shingoni kama kitambulisho cha askari wa getini. Akisimama kuimba inagongagonga vifungo vya shati. Mwanzoni nilidhani ataizoea, aiache nyumbani. Huu sasa ni mwaka wa nne.

Siku za kazi anaendesha basi la shule. Anatoka alfajiri kwenda Umm Salal kuchukua watoto wa matajiri kwenye nyumba zao zenye mageti marefu, anawapeleka shule, mchana anawarudisha. Kwa kazi hiyo sina neno juu yake. Hajawahi kukwaruza basi, watoto wanamsalimia kwa jina, na matroni wa basi, mama mmoja Mfilipino, aliwahi kuniambia kwamba kwa Levis hata mtoto anayetapika kila asubuhi huwa hatapiki. Lakini jaribu kumtajia basi mbele za watu uone atakavyonuna. Kazi inayomlisha anaionea haya, na ile inayomfanya kichekesho ndiyo anayoitangaza.

Tulimjua kwetu Vihiga akiendesha pikapu ya mkate. Alikuwa kijana msafi, mwenye adabu, na mdogo wangu Velma akampenda kabla mimi sijaulizwa maoni. Wakaoana. Levis akaja Doha, Velma akamfuata baadaye kama nesi, na mimi walinikuta hapa tayari, msimamizi wa usafi wa vyumba katika hoteli moja. Kwa hiyo maisha yake yote ya huku yamepita mbele yangu, na mwenye macho haambiwi tazama.

Kazi ya mbio aliipata kwa kurudi kinyumenyume. Sitanii. Alikuwa amepeleka basi kutengenezwa katika gereji ya mzee mmoja anayeitwa Abu Jasim, akaambiwa aliingize ndani, akalirudisha nyuma katikati ya malori mawili mahali ambapo hata paka angejibana. Abu Jasim ana magari ya mbio. Akapiga makofi, akamuuliza kama angependa kujaribu moja. Levis akasahau hapo hapo kwamba mtu amesifiwa kwa kuegesha, akaja nyumbani akasema ameonekana ana kipaji cha mwendo.

Magari yenyewe kwa nje ni saluni kama za watu wengine. Ndani hamna kitu, mabomba ya chuma tu, kiti kimoja na mikanda ya kumfunga mtu kama mzigo. Yanazunguka uwanja wa lami ulioko jangwani nje ya mji, raundi thelathini, tena msimu wa baridi peke yake, maana wakati wa joto huku hata nzi hatoki. La Levis lilipakwa rangi ya kijani, na mlangoni akaomba liandikwe namba 38, ya kaunti ya Vihiga. Picha ya mlango huo ilifika kijijini kwetu kabla ya yeye kuendesha hata mara moja.

Sasa nieleze alichoajiriwa kufanya. Kanuni za mashindano yale zinataka magari yatimie idadi fulani, la sivyo mbio hazihesabiki. Abu Jasim ana madereva wawili wa kweli. Gari la tatu analiingiza ili idadi itimie, na hataki liharibike, kwa hiyo analivalisha matairi yaliyokwisha kutumika na dereva wake anatakiwa aanze pamoja na wenzake, azunguke raundi saba, nane, kisha aingie pembeni aseme gari lina shida. Analipwa kwa kuanza. Kumaliza hakumhusu. Huyo ndiye dereva wetu wa kulipwa, ambaye picha zake zimesambaa kutoka Mbale mpaka Mombasa.

Siri hiyo niliipata kwa Ndirangu, fundi wa magari hayo, kijana wa Nyahururu anayekula kwetu Al Thumama siku ambazo hajisikii kupika. Alinieleza akimumunya chapati, bila hata kupunguza sauti, kwa sababu kwao gereji hiyo ni kazi kama kazi nyingine. Hakujua kwamba kanisani hadithi ilikuwa tofauti kabisa.

Kanisani Levis alikuwa shujaa anayeandamwa na mikosi. Wiki hii ni klachi, wiki ijayo ni giaboksi, nyingine ni waya uliokatika akiwa karibu kabisa kuwapita watu. Brother Philipo, kiongozi wa jumuiya yetu, mtu mzima anayesimamia ghala la mchele, akaona huu si mzaha, ni vita vya kiroho. Tukatangaziwa kufunga. Watu wanaosimama kwenye lindo jua likiwachoma utosini walishinda bila chakula kuombea giaboksi ambayo haikuwa na kasoro yoyote. Philipo alimkemea pepo wa klachi kwa jina. Levis alikuwa amepiga magoti katikati ya duara, ameinamisha kichwa, akiitikia amina kwa sauti kubwa kuliko wote. Nilifumba macho, si kwa maombi.

Velma alijua ukweli, kwa sababu kwake Levis alikuwa na wimbo mwingine. Kwake alikuwa simba aliyefungwa kamba. Wangemwachilia siku moja tu, angemaliza watano wa kwanza. Nimekaa kwenye meza yao nikafundishwa uwanja ule mpaka nikaukinai. Chupa ya tomato sosi ni kona ya kwanza, kopo la sukari ni ya pili, hapa unashika breki, hapa unamwacha yule mjinga apite kwanza halafu unampita kwa ndani. Kijiko cha chai ndicho gari lake. Velma alikuwa akimsikiliza huku ametoka zamu ya usiku, macho yamemvimba, na nikaona kwamba anamwamini. Hilo ndilo lililonichoma. Mtu kujidanganya mwenyewe ni shauri yake, lakini yule alikuwa anamla dada yangu miaka.

Maana mwaka jana Velma alipata kazi hospitali moja huko Galway, Ireland. Kazi nzuri, na mume angeweza kumfuata. Levis akakataa katakata. Alisema msimu ujao huenda akapewa gari la pili, la dereva wa kweli, hawezi kuondoka mlango ukiwa unafunguka. Velma akawaomba wale wa Ireland wamsubiri. Wakasubiri. Akawaomba tena, nao wakamwambia sasa aamue.

Nilikuwepo siku aliyoamua. Walikuwa wamemaliza kula, Levis akaanza kuvuta chupa ya tomato sosi, Velma akaishika mkononi.

"Nikuone umemaliza mbio moja," akamwambia. "Hata ukiwa wa mwisho. Nitabaki hapa na sitakutajia Ireland tena mpaka nife. Usipomaliza, mimi naenda, na sitarudi kukungoja."

Levis akasema yeye yuko tayari siku zote, ni mudir, bosi wake Abu Jasim, anayemzuia. Velma akamwambia basi amwombe mudir. Sijui kama aliomba. Mimi, sifichi, niliomba kwa Mungu asimalize. Nilitaka dada yangu apande ndege.

Mbio za mwisho za msimu ziliangukia Ijumaa. Tulitoka ibadani moja kwa moja, magari manne ya Wakenya, Brother Philipo amebeba bendera na beseni la chapati lililofunikwa, akina mama wamefunga leso za taifa kiunoni. Mtu angesema tunakwenda harusini. Mimi na Velma tuliruhusiwa kuingia mpaka nyuma ambako mafundi wanafanyia kazi, na tulikuwa hapo Abu Jasim alipokuja na kanzu yake nyeupe, tasbihi mkononi, akampiga Levis begani.

"Leo hakuna kuingia," akamwambia, kwa kile Kiingereza chao cha kukatakata ambacho sote huku tunakielewa. "Injini naifungua kesho, ikifa ife. Matairi mapya. Yalla, mpaka mwisho."

Velma akashika mdomo kwa mikono miwili. Mimi nikamtazama Levis. Nimesimamia wasafishaji wa vyumba kwa miaka mingi, na uso ule naujua: ni uso wa mtu aliyekuambia chumba kiko safi, halafu akasikia unaomba ufunguo. Akasema alhamdulillahi, yeye Mkristo wa kanisa la Friends kutoka Vihiga. Akaomba maji. Akaenda msalani, akarudi, akamwambia Ndirangu amkazie mikanda upya, kisha akasema imebana mno, kisha akataka kwenda msalani tena. Velma akamuuliza kama amefurahi. Akajibu kwamba amefurahi sana, na midomo ilikuwa imemkauka mpaka maneno yanakwaruza.

Ndirangu alikuwa na hedfoni mbili za kuzungumza na dereva. Alimpa Velma moja, Velma akakataa, akasema anataka kuona kwa macho yake, akakimbilia kwenye wavu walikosimama watu wa kanisa. Kwa hiyo nilivaa mimi. Nilitaka kusikia uongo ukitoka jikoni, kabla haujapakuliwa.

Sitamnyima haki yake: aliendesha. Raundi za kwanza alikaa katikati ya kundi, hakusukumwa, hakupotea kwenye kona. Ilipofika ya nane, ile ya kila siku, nikaliona gari la kijani linakaribia njia ya kuingilia pembeni, likapita. Kule kwenye wavu kukalipuka. Philipo alikuwa anapunga bendera kwa mikono yote miwili, na Velma, mtu mzima, nesi, anaruka juu na chini kama mtoto aliyeona mvua. Hata mimi moyo ulinidunda. Nikaukasirikia.

Raundi chache baadaye magari mawili yaliyokuwa mbele yake yakagusana. Moja likageuka likatazama lilikotoka, moshi ukafunga njia yote. Levis alipita katikati ya moshi ule bila kuguswa. Kwa mahali alipokuwa, hiyo ilikuwa zawadi: akatoka upande wa pili akiwa wa saba. Ndirangu akapiga meza kwa furaha. Lakini kwenye hedfoni nilikuwa nasikia pumzi, nzito, ya haraka, kama ya mtu anayepanda ngazi na godoro kichwani. Kisha akaita.

"Ndirangu."

"Niko."

"Naingia."

"Acha mchezo, gari liko poa kabisa. Kaa hapo hapo, uko wa saba."

"Najua liko poa," Levis akasema. "Naogopa, Ndirangu. Naingia."

Ndirangu akanitazama.

Aliingia taratibu, akapunguza mahali pa kupunguza, akaliweka lile gari katikati ya mistari ya manjano bila kupinda hata kidogo, kama anavyoliweka basi la watoto. Akazima. Velma alipofika akihema, helmeti ilikuwa imeshavuliwa na maneno yalikuwa yameshatayarishwa: usukani ulikuwa unatetemeka. Velma akamgeukia Ndirangu. Ndirangu akaliangalia tairi la mbele, akasema ndiyo, kidogo. Wanaume hao, ukitaka washirikiane kwa jambo, lifanye liwe la aibu.

Velma akamuuliza mumewe swali moja tu.

"Nani amekuita uingie?"

Levis akasema hakuna aliyemwita. Velma akatikisa kichwa polepole, akaenda kumsaidia Brother Philipo kugawa chapati. Aligawa mpaka zikaisha, akimwambia kila mtu karibu, kisha akapanda gari langu akasema anawaandikia watu wa Galway leo.

Jioni ile Ndirangu alinikumbusha msemo wa wazee, kwamba kwa mwoga huenda kicheko, kwa shujaa huenda kilio. Nikamwambia kicheko nimeshakipata, ahsante. Kuhusu yale niliyoyasikia kwenye hedfoni sikumwambia Velma kitu. Hakuuliza, na nilichokitaka kilikuwa kimeshakuwa. Ukishamwona nyoka amekufa, humpigi tena ili kuwaonyesha majirani.

Velma akaondoka. Levis akabaki na basi lake, na mimi nikadhani hadithi imekwisha. Nilikuwa namdharau kidogo kuliko anavyostahili.

Miezi miwili, mitatu, nikaanza kusikia kanisani maneno mapya. Sijui nani aliyepanda mbegu, lakini aliyekuwa akiimwagilia maji namjua. Ati siku ile Levis aliingia pembeni kwa makusudi. Ati alijua fika kwamba akimaliza, mkewe ataitupa kazi ya Ulaya kwa ajili yake, basi akaitoa ndoto yake sadaka ili mama wa watu aende akajiendeleze. Akina mama waliposikia hivyo walifuta macho kwa ncha za leso. Dada mmoja anayeitwa Phyllis, mhasibu, mtu aliyesoma, alianza kumpelekea pilau kwenye hotpoti. Ijumaa moja Brother Philipo akahubiri kuhusu waume wanaojinyima, akamsimamisha. Levis alisimama ametazama chini, kwa unyenyekevu wa mtu anayejua anapigwa picha.

Baada ya ibada nilimfuata Philipo nikamwambia wazi kwamba ule ni uongo. Akanishika mkono kwa upole akasema uchungu ni dhambi, dada Jerusha, na kwamba shemeji ni wa kuheshimiwa. Nilirudi Al Thumama nikisaga meno. Mtu alipokuwa anadanganya kuhusu klachi nilicheka. Sasa alikuwa anauvika woga wake sifa, na sifa yenyewe ameivua kwenye mgongo wa dada yangu.

Ndipo Velma akapiga simu. Philipo, kwa wema wake, alikuwa amempigia kumpongeza kwa mume aliyepewa na Mungu. Sauti ya Velma ilikuwa kavu. Hakuniuliza habari za kazi wala za afya.

"Dada, ni kweli aliingia kwa ajili yangu?"

Nilikuwa nimelisubiri swali hilo. Nilivuta kiti, nikakaa, nikamweleza bila haraka, bila kupunguza. Nikamwambia habari za hedfoni, na pumzi, na moshi, na Ndirangu akimwambia gari liko poa. Nikamwambia neno kwa neno: najua liko poa, naogopa, naingia. Nikamwambia huyo ndiye mumeo, mwoga tangu mwanzo mpaka mwisho, na kama kuna chembe ya huruma imebaki basi aizike leo.



"Alisema hivyo?" Velma akauliza. "Alitamka naogopa?"

Nikamwambia alitamka, mbele ya shahidi.

"Miaka yote hii hajawahi kuniambia mimi," akasema. Nikasikia analia, au anacheka, kwa dada yangu vitu hivyo viko jirani. Kisha akaniambia kwamba tangu Philipo ampigie alikuwa ameapa kutopokea tena simu ya Levis. Kama yule mtu aliketi ndani ya helmeti akamwamulia maisha yake bila kumuuliza, halafu akapokea makofi, basi ndoa imekwisha. "Anayenifanyia hisani nisiyoiomba siwezi kuishi naye, dada. Mwoga naweza. Mimi mwenyewe huku naogopa kila siku."

Nilianza kusema kitu, akaniaga.

Alimpigia Levis usiku ule ule, akamtaka alitamke neno lile mwenyewe, kwa mdomo wake, naye akalitamka. Hayo nimeambiwa na Velma. Ijumaa iliyofuata Levis alisimama kanisani bila kuitwa, akamwambia Brother Philipo na watu wote kwamba sadaka haikuwepo, kwamba hata zile klachi hazikuwa zimeharibika, kwamba aliajiriwa kujaza nafasi na siku aliyopewa nafasi akaogopa. Wakampigia makofi, tena kuliko ya mwanzo, na Phyllis akalia. Wakenya wa Doha hawana dawa.

Wiki hii anaacha basi. Matroni Mfilipino amempikia keki, watoto wamemwandikia kadi. Anasafiri kwenda Galway mwezi ujao, na Velma ameshampatia huko kazi ya kuendesha gari la wazee wanaokwenda kliniki, taratibu, asubuhi na jioni.

Jana alikuja kwangu, akabisha hodi kwa adabu yake ile ya zamani, ya kijana wa pikapu ya mkate. Sikumkaribisha ndani. Alisimama kizingitini, akasema hana maneno mengi.

"Velma ameniambia ni wewe uliyemwambia, shemeji. Asante."

Nimetukanwa na wageni wa hoteli kwa lugha zaidi ya kumi, lakini hakuna aliyewahi kunifikia kama asante ile.